Kikohozi Hakiombi Pasi Mpakani

Mwaka 1865, katika hospitali ya kijeshi ya Val-de-Grâce mjini Paris, daktari wa jeshi la Ufaransa aliyeitwa Jean-Antoine Villemin alilitilia maanani jambo ambalo makamanda wengi walikuwa wakiliona kila mwaka na kulipuuza. Vijana walioandikishwa jeshini kutoka mashambani, wenye afya na nguvu, walianza kukohoa na kukonda baada ya mwaka mmoja au miwili ya utumishi. La ajabu zaidi ni kwamba askari waliokaa muda mrefu kambini waliugua kuliko wenzao waliokuwa medani, waliotembea masafa marefu na kulala nje. Mabingwa wengi wa siku zile walifundisha kwamba kifua kikuu hutokana na urithi wa ukoo au udhaifu wa mwili. Kama uchovu na taabu ndivyo vilivyokuwa chanzo chake, basi askari wa medani ndiye angalitangulia kuugua. Kumbe aliyetangulia ni yule aliyelala kitanda kwa kitanda na wenzake, chini ya dari moja, madirisha yakiwa yamefungwa.

Villemin hakuridhika na kuona tu. Alichukua chembe kutoka pafu la mtu aliyekufa kwa kifua kikuu, akamdunga nazo sungura, na sungura yule akapatwa na ugonjwa ule ule. Mwezi wa Desemba mwaka huo huo aliwaeleza mabingwa wa Akademia ya Tiba ya Ufaransa kwamba maradhi haya huambukizwa. Wengi wao hawakumkubali. Ilipasa kungoja hadi tarehe 24 Machi, 1882, ndipo Mjerumani Robert Koch alipowaonyesha wataalamu mjini Berlin kijidudu chenyewe chini ya hadubini. Hapo ubishi ulikwisha. Adui alikuwa amejulikana kwa sura, na njia yake ya kushambulia ilikuwa imejulikana pia: hutoka kifuani mwa mgonjwa anapokohoa, huelea hewani, huvutwa na jirani.

Inafaa historia hii ianzie kambini, kwa kuwa mafunzo yake yanawahusu zaidi watu wanaoishi pamoja, kulala pamoja na kufanya kazi pamoja. Lakini kiini cha mazungumzo haya si daktari mmoja wala nchi moja. Ni historia ya chama cha madaktari kisichokuwa na jeshi, polisi wala mahakama, ambacho hata hivyo kiliweza kuzifanya serikali za nchi mbalimbali zifuate kanuni moja dhidi ya adui mmoja. Na kwa bahati njema, sehemu kubwa ya historia hiyo iliandikwa Afrika ya Mashariki.

Chama hicho ni Umoja wa Kimataifa wa Kupambana na Kifua Kikuu. Mizizi yake inarudi nyuma hadi mikutano ya madaktari iliyofanyika Ulaya katika karne ya 19. Mwaka 1902, katika mkutano wa Berlin, daktari Mfaransa Gilbert Sersiron alipendekeza kwamba vita dhidi ya kifua kikuu viwe na alama yake, nayo ni msalaba mwekundu wenye mikono miwili. Kisha Vita Kuu ya Kwanza ikavunja mawasiliano. Vita ilipokwisha, wajumbe wa nchi 31 walikutana mjini Paris mwezi wa Oktoba, 1920, wakauanzisha Umoja rasmi.

Katika miaka ile, silaha za madaktari zilikuwa chache. Chanjo ya BCG, iliyotengenezwa na Wafaransa Albert Calmette na Camille Guérin, ilitolewa kwa mtoto mchanga kwa mara ya kwanza mwaka 1921, nayo huwakinga zaidi watoto wadogo. Kwa mtu mzima aliyekwisha kuugua, tiba ilikuwa mapumziko, chakula na hewa safi. Kwa sababu hiyo zilijengwa hospitali maalumu milimani, mbali na watu. Hospitali ya Kibong'oto, kwenye miteremko ya Kilimanjaro, ni mojawapo ya zilizojengwa kwa fikira hiyo. Huko mgonjwa alikaa kwa miezi, pengine miaka. Wengine walipona. Wengi hawakupona. Na kwa kila mgonjwa mmoja aliyepata kitanda, wengine wengi walibaki vijijini, kila mmoja akikohoa ndani ya nyumba yenye watoto.

Halafu zikaja dawa. Streptomaisini iligunduliwa Marekani mwaka 1943. Mwaka 1948 Baraza la Utafiti wa Tiba la Uingereza lilitangaza matokeo ya jaribio lililopata sifa ulimwenguni. Wagonjwa waligawanywa kwa kura katika makundi mawili. Katika kundi la watu 55 waliopewa streptomaisini, wanne walikufa katika miezi sita. Katika kundi la watu 52 ambao hawakupewa, walikufa 14. Ilidhaniwa kwamba ushindi umepatikana. Lakini furaha hiyo haikudumu. Wengi waliopata nafuu walirudi kuugua, na safari hii dawa haikuwasaidia tena. Vijidudu vichache vilivyonusurika shambulio la kwanza vilikuwa ni vile visivyodhurika na dawa hiyo. Navyo vikazaana, vikalijaza pafu upya.

Kila askari anaelewa maana ya jambo hili. Adui anayeshambuliwa kwa silaha moja tu, tena kwa muda mfupi, hujifunza kuikwepa. Madaktari wakajifunza kushambulia kwa silaha mbili au tatu kwa pamoja. Dawa ya PAS iliongezwa. Na mwaka 1952 ikaja isoniazidi, dawa nzuri na ya bei nafuu. Mseto huo uliponya. Hata hivyo ulikuwa na sharti gumu: mgonjwa ameze dawa kwa mwaka mzima au mwaka na nusu bila ya kukatiza.

Hapo ndipo tatizo jipya lilipojitokeza, nalo halikuwa la maabara bali la maisha ya binadamu. Mgonjwa wa kifua kikuu hupata nafuu mapema. Baada ya wiki chache kikohozi hupungua, hamu ya chakula hurudi, nguvu huongezeka. Mkulima anaona msimu wa kupanda umefika. Mvuvi anaona bahari imetulia. Mchukuzi anaona watoto wamekosa unga. Kwa nini aendelee kwenda zahanati umbali wa maili kumi kuchukua dawa ya ugonjwa asiousikia tena? Anaacha. Vijidudu vilivyobaki vinainuka tena, na mara nyingi vinainuka vikiwa sugu. Kwa hiyo ilidhihirika kwamba kupatikana kwa dawa ni nusu tu ya kazi. Nusu ya pili ni kuhakikisha kwamba dawa imemezwa hadi mwisho.

Mwaka 1959 jaribio lililofanywa mjini Madras, nchini India, lilionyesha kwamba mgonjwa anayetibiwa nyumbani hupona sawasawa na yule anayelazwa katika hospitali maalumu, mradi dawa zimezwe ipasavyo. Jambo hili lilikuwa faraja kubwa kwa nchi maskini, maana zisingeweza kamwe kujenga vitanda vya kutosha. Wakati huo huo, Kenya, Uganda na Tanganyika zilikuwa zikishirikiana na Baraza la Uingereza kutafuta mseto wa dawa ambao nchi hizo zingeweza kuununua. Majaribio yao yalithibitisha kwamba thiasetazoni, dawa ya bei ndogo mno, ingeweza kufanya kazi pamoja na isoniazidi badala ya PAS.

Jaribio lililofuata lilikuwa kubwa zaidi kwa maana yake. Kuanzia mwaka 1970, madaktari wa Afrika ya Mashariki pamoja na wenzao wa Uingereza walijiuliza swali ambalo wengi waliliona ni la ujinga: Je, inawezekana kuponya kifua kikuu kwa miezi sita badala ya 18? Wagonjwa waliokubaliwa walikuwa wenye ugonjwa mkali, na walifuatiliwa baada ya tiba ili ionekane nani atarudi kuugua. Matokeo ya kwanza yalitangazwa mwaka 1972. Waliotibiwa miezi sita kwa streptomaisini, isoniazidi na rifampisini, waliorudi kuugua ni watatu tu katika kila 100, sawa na wale waliotibiwa miezi 18 kwa mseto wa zamani. Walipopewa pirazinamidi badala ya rifampisini, waliorudi kuugua walikuwa wanane katika kila 100. Lakini waliopata streptomaisini na isoniazidi peke yake kwa miezi hiyo sita, walirudi 29 katika kila 100. Kwa maneno mengine, muda wa tiba ungeweza kupunguzwa hadi theluthi yake, ila kwa dawa zinazofaa tu. Tiba fupi inayotumika ulimwenguni hii leo ilianzia katika majaribio haya.

Baraza la Utafiti wa Tiba la Afrika ya Mashariki lilikuwa chini ya Jumuiya ya Afrika ya Mashariki, na inajulikana yaliyoipata Jumuiya hiyo. Mwaka 1977 ilivunjika. Mpaka kati ya Tanzania na Kenya ulifungwa mwezi wa Februari mwaka huo, nao haukufunguliwa tena mpaka Novemba, 1983. Mwishoni mwa Oktoba, 1978, majeshi ya Idi Amin yaliivamia Kagera, na vita ikaendelea hata Kampala ikaanguka mwezi wa Aprili, 1979. Reli, ndege, posta na bandari vikagawanywa. Magari yakasimama Namanga na Horohoro.

Kifua kikuu hakikusimama. Mfugaji wa Kimaasai aliendelea kuvuka na ng'ombe wake kutafuta malisho. Wavuvi wa Ziwa Viktoria waliendelea kukutana visiwani. Mkimbizi aliyekimbia risasi alikimbia na mapafu yake. Kijidudu hakijui bendera wala hakiulizwi kitambulisho na askari wa zamu. Kwa hiyo nchi moja ikiponya wagonjwa wake vizuri, huku jirani yake akiwaacha wa kwake wakizurura na vidonge nusu nusu, nchi hiyo hujikuta ikiyatibu upya maradhi yaliyoharibiwa ng'ambo ya pili. Hilo ndilo lililokuwa hatarini katika miaka ile ya ugomvi: kwamba elimu iliyopatikana kwa pamoja ingetawanyika, kila nchi ikabaki na mafaili yake kabatini.

Haikuwa hivyo. Majaribio ya tiba yaliendelea, Kenya kwa upande wake na Tanzania kwa upande wake. Na katika miaka hiyo hiyo, 1977 na 1978, Umoja wa Kimataifa wa Kupambana na Kifua Kikuu uliingia Tanzania kwa mwaliko wa Serikali, ukiungwa mkono kwa fedha na Uswisi na Uholanzi. Ukaanza Mpango wa Taifa wa Kifua Kikuu na Ukoma.

Mtu aliyetumwa na Umoja alikuwa Karel Styblo, daktari kutoka Chekoslovakia. Alizaliwa mwaka 1921. Wakati wa Vita Kuu ya Pili alifungwa na Wanazi katika kambi ya mateso ya Mauthausen, na huko akaambukizwa kifua kikuu. Basi hakuyajua maradhi haya vitabuni peke yake. Alijua maana ya watu kusongamana chini ya dari moja, na alijua ni nini kukohoa bila ya kuwa na dawa. Baadaye alihamia Uholanzi, akawa mtaalamu mkubwa wa hesabu za maradhi haya.

Styblo hakuja na mashine kubwa wala majengo. Alichokileta kingetambuliwa mara moja na mtu yeyote aliyepitia jeshini: utaratibu wa amri na taarifa. Kila wilaya ilipewa mratibu wake wa kifua kikuu na ukoma, mwenye usafiri wa kuzungukia vituo vya afya. Mratibu wa wilaya aliwajibika kwa mratibu wa mkoa, na wa mkoa kwa makao makuu ya Mpango. Anayekohoa kwa muda mrefu alipimwa makohozi kwa hadubini, kipimo rahisi kinachoweza kufanywa wilayani, ili wapatikane kwanza wale wanaoambukiza wengine. Kila mgonjwa aliandikwa katika daftari kwa jina na namba. Makohozi yake yalipimwa tena katikati ya tiba na mwisho wake. Kila baada ya miezi mitatu taarifa ilipelekwa juu.

Tena palikuwa na kanuni moja ambayo ndiyo uti wa mgongo wa kazi yote: hapana mgonjwa aliyeruhusiwa kupotea katika hesabu. Kila aliyeandikwa katika robo fulani ya mwaka ilibidi atolewe maelezo. Amepona? Amekufa? Dawa zimeshindwa? Amehamia wilaya nyingine? Ametoroka tiba? Mratibu hakuweza kusema kwamba mambo ni mazuri kwa ujumla. Ilimbidi aseme ni wangapi, na ni akina nani. Gwaride la asubuhi lina maana hiyo hiyo. Kamanda hataki kusikia kwamba askari wengi wapo. Anataka kujua asiyekuwapo yuko wapi.

Hesabu hiyo ilipoanza kutolewa kwa ukweli, haikuwa ya kujivunia. Kwa tiba ya zamani ya miezi 12, iliyotegemea streptomaisini, isoniazidi na thiasetazoni, wagonjwa waliopona walikuwa wachache mno kuliko ilivyotarajiwa, maana waliotoroka walikuwa wengi. Mpango ungeweza kuficha jambo hilo. Haukuficha. Styblo na wenzake Watanzania walilitumia kama hoja: kama watu wanashindwa kumaliza mwaka mzima, basi tiba na ifupishwe, itumike rifampisini.

Pendekezo hilo lilipingwa na wataalamu wengi, na si kwa ubaya. Rifampisini ilikuwa ghali sana wakati ule. Zaidi ya hayo, waliogopa kwamba ikitawanywa ovyo katika nchi maskini, vijidudu vingekuwa sugu, na silaha bora kuliko zote ingepotea. Jibu la Styblo lilikuwa kuilinda dawa hiyo kama silaha inavyolindwa ghalani. Haikutolewa mkononi ili mgonjwa aende nayo nyumbani. Kwa miezi miwili ya kwanza, mgonjwa mwenye makohozi yanayoambukiza alipewa streptomaisini, rifampisini, isoniazidi na pirazinamidi kila siku, naye alizimeza mbele ya macho ya mhudumu, mara nyingi akiwa amelazwa. Kisha alirudi nyumbani na kuendelea kwa miezi sita kwa isoniazidi na thiasetazoni. Jumla ilikuwa miezi minane.

Tiba hiyo ilianza kutumika nchini Tanzania mwaka 1982. Baada ya miaka michache, wagonjwa wapya waliopona walikaribia 80 katika kila 100. Ikumbukwe hali ya nchi katika miaka hiyo: mafuta ya gari yalikuwa ya kupangiwa foleni, sabuni na sukari hazionekani madukani, barabara zimebomoka, hazina haina fedha za kigeni. Katika hali hiyo waratibu wa wilaya walipanda pikipiki zao na madaftari yao, wakafanya kazi ambayo wengi walidhani yaziweza nchi tajiri tu.

Habari hizo hazikuishia Tanzania. Malawi ilianza mpango wa namna hiyo mwaka 1984, kwa msaada wa Umoja huo huo. Umuhimu wake unaeleweka, kwani kwa miongo mingi vijana wa Malawi na Msumbiji walichukuliwa na Wenela kwenda kuchimba dhahabu Afrika ya Kusini, na baadhi yao walirudi kwao na vumbi la mawe na kifua kikuu mapafuni. Msumbiji nayo ilijiunga katikati ya miaka ya 1980, wakati vita vya ndani vikiwa vinawaka, zahanati zikichomwa moto na watumishi wake wakiuawa. Kenya pia ilifanya kazi na Umoja katika mpango wake wa ukoma na kifua kikuu. Hivyo nchi zilizokuwa zimetengana kwa siasa zikajikuta zinatumia kanuni zile zile, daftari la namna moja, na maana moja ya neno kupona. Mgonjwa akivuka mpaka na kadi yake, tabibu wa upande wa pili aliweza kuisoma.

Mwaka 1986 Umoja uliongeza magonjwa ya mapafu katika jina lake, kuonyesha kwamba nimonia ya watoto, pumu na madhara ya tumbaku ni sehemu ya kazi yake pia. Mwaka 1991 Mkutano Mkuu wa Shirika la Afya Ulimwenguni ulipitisha shabaha kwa nchi zote: wagundulike wagonjwa 70 katika kila 100 wanaoambukiza, na waponywe 85 katika kila 100 wanaogunduliwa. Mwaka 1993 Shirika hilo lilitangaza kifua kikuu kuwa janga la dharura duniani. Katikati ya miaka ya 1990 utaratibu uliojaribiwa Tanzania na jirani zake ulipewa jina la DOTS, ukaenezwa katika mabara yote. Mara nyingi mafunzo hutoka nchi tajiri kwenda nchi maskini. Safari hii njia iligeuzwa.

Hata hivyo, historia isimuliwe na machungu yake. Wakati ule ule ushindi ulipokuwa unaonekana, UKIMWI uliingia. Virusi vyake hudhoofisha kinga ya mwili, na kijidudu cha kifua kikuu kilicholala kifuani kwa miaka huamka. Nchini Tanzania wagonjwa walioandikishwa walikuwa kiasi cha 12,000 mwaka 1983. Mwaka 2004 walizidi 60,000. Pigo jingine lilitoka katika dawa yenyewe. Utafiti uliofanywa Nairobi na kutangazwa mwaka 1991 ulionyesha kwamba thiasetazoni, ile dawa ya bei ndogo iliyokuwa nguzo ya tiba, iliwasababishia wagonjwa wenye virusi vya UKIMWI maradhi ya ngozi ya kutisha, na baadhi yao walikufa. Ilibidi iachwe, na mahali pake ikawekwa ethambutoli.

Kisha Umoja ulifanya jambo ambalo vyama vingi huona shida kulifanya. Uliipima upya tiba yake wenyewe ya miezi minane. Matokeo yaliyotolewa mwaka 2004 yalionyesha kwamba tiba hiyo, iliyoishia kwa isoniazidi na ethambutoli, ilikuwa dhaifu kuliko tiba ya miezi sita inayotumia rifampisini mwanzo hadi mwisho. Matokeo hayo hayakufichwa. Yalitangazwa na wataalamu wa Umoja wenyewe, na baada ya hapo nchi nyingi zikaiacha miezi minane. Kanuni iliyomhukumu mratibu wa wilaya ikawahukumu wakubwa pia: toa hesabu kamili, hata kama inakuumbua.

Vita haijaisha. Shirika la Afya Ulimwenguni lilikadiria kwamba mwaka 2023 watu milioni 10.8 waliugua kifua kikuu duniani, na watu milioni 1.25 walikufa. Vijidudu sugu vipo, na tiba yake ni ndefu na ya gharama. Tanzania ilianza kuwatibu wagonjwa wa namna hiyo mwaka 2009 katika Hospitali ya Kibong'oto, pale pale palipotegemewa zamani hewa ya mlimani. Kila kijidudu sugu kina asili yake: mahali fulani dawa ilitolewa vibaya, au mtu aliacha dawa kabla ya muda, au aliambukizwa na mtu wa namna hiyo.

Kwa askari wa jeshi na polisi, historia hii ina mafunzo yaliyo dhahiri. Alichokiona Villemin mwaka 1865 hakijabadilika. Bweni lililojaa, handaki, meli, gari la doria lililofungwa madirisha na chumba cha mahabusu chenye watu watatu pa mtu mmoja ni mahali ambapo kikohozi cha mmoja huwa mali ya wote. Polisi anayelinda mahabusu huvuta hewa ile ile anayoivuta mahabusu. Dirisha lililo wazi si anasa. Ni sehemu ya ulinzi.

Aidha kuna adui wa ndani, naye ni aibu. Yupo askari anayekohoa usiku, akaziba mdomo kwa blanketi ili mwenzake asisikie, kwa kuogopa kwamba ataondolewa kozini, atanyimwa cheo, au ataambiwa kwamba ana ugonjwa mwingine. Wahenga walisema kwamba mficha maradhi kilio humfichua. Lakini kwa kifua kikuu kilio hicho si cha nyumba yake peke yake. Huenda kikawa cha kombania nzima, na cha mke na watoto anaowarudia akiwa likizoni. Anayekohoa kwa wiki mbili au zaidi, anayekonda, anayetokwa jasho usiku au kutema damu, wajibu wake ni kwenda kupimwa, na wajibu wa mkubwa wake ni kumruhusu bila ya kumdhihaki. Mgonjwa anayetibiwa vizuri kwa kawaida huacha kuambukiza wengine baada ya muda mfupi. Anayeogopwa na apimwe; wa kuogopwa hasa ni yule ambaye hajapimwa.

Na aliyeanza tiba na amalize. Miezi sita ya vidonge ni lindo, na lindo haliachwi kwa sababu usiku umekuwa shwari. Zamani Kenya, Uganda na Tanzania zilitafuta tiba hiyo kwa pamoja, na hata mipaka ilipofungwa na bunduki zikalia, madaftari ya waratibu hayakufungwa. Mgonjwa anayemaliza dawa zake Tarime amemlinda mtoto wa Migori, na anayemaliza zake Masaka amemlinda wa Bukoba.